Mtandio Mbele ya Kamera: Kisa cha Taraneh Alidoosti

Tarehe 9 Novemba 2022, mwigizaji Taraneh Alidoosti aliweka kwenye ukurasa wake wa Instagram picha isiyo na mbwembwe zozote. Yuko kichwa wazi, na mkononi ameshika karatasi iliyoandikwa maneno matatu ya Kikurdi, Jin, Jiyan, Azadî, yaani mwanamke, maisha, uhuru. Wakati ule miji ya Iran ilikuwa na maandamano yaliyokaribia kutimiza miezi miwili, na picha za wanawake waliovua mitandio zilikuwa zikisambaa usiku na mchana, hivyo ya mtu wa kawaida ingepotea katika wingi wa nyingine. Kwake yeye, ambaye kwa miaka 20 riziki yake ilitokana na filamu zisizoweza kutengenezwa wala kuonyeshwa bila kibali cha serikali, ilikuwa sawa na kuandika barua ya kuacha kazi na kuibandika ukutani watu wote waisome.

Nje ya Iran kisa hiki kilisimuliwa zaidi kama habari ya msanii aliyegeuka mwanaharakati. Usimulizi huo hauna uongo, lakini unaiacha kazi yake nje ya mlango, kana kwamba filamu alizoigiza ni mapambo tu ya jina lake. Mimi naona uamuzi ule unaeleweka vizuri zaidi ukitazamwa kutoka ndani ya ufundi wake. Mtandio ulikuwa kifaa chake cha kazi tangu alipokuwa na miaka 17. Aliigiza akiwa nao chumbani, jikoni, hospitalini na ufukweni, na ni waigizaji wachache wa kizazi chake waliofahamu kwa undani kama wake kitambaa kile kinamsaidia nini mwigizaji na kinamnyima nini.

Inafaa kwanza kueleza kanuni zenyewe, maana bila kuzijua kisa kizima kinakuwa chepesi. Chini ya masharti yaliyowekwa katika miaka ya 1980, filamu ya Iran inahitaji kibali cha kutengenezwa na baadaye kibali kingine cha kuonyeshwa, vyote kutoka Wizara ya Utamaduni na Mwongozo wa Kiislamu. Mwanamke lazima afunike nywele katika kila onyesho, hata lile la chumbani usiku akiwa na mumewe peke yao, kwa hoja kwamba watazamaji waliokaa ukumbini si maharimu wake. Mwanamume na mwanamke wasio maharimu hawagusani, hata kama katika hadithi ni mke na mume. Mama anayempokea mwanawe aliyerudi kutoka vitani hawezi kumkumbatia mlangoni, kwa kuwa kijana aliyesimama pale ni mwigizaji mwenzake tu. Masharti haya hayaishii kwenye filamu, bali humfuata mwigizaji hadi nyumbani kwake, kwenye mahojiano, kwenye matamasha ya nje na kwenye ukurasa wake wa mtandaoni, na anayeyavunja huweza kuwa mamnu-ol-kar, neno ambalo msomaji wa Kiswahili anaweza kulifahamu bila mkalimani: aliyezuiwa kufanya kazi.

Waajemi huiita kamera durbin, neno lilelile ambalo sisi tunalo kama darubini. Kwa sinema iliyojengwa juu ya kanuni hizi jina hilo limekaa mahali pake hasa, kwa sababu kamera ya Iran imekuwa chombo cha kumsogeza karibu mtu ambaye hairuhusiwi kumgusa. Mkono ukikosa pa kwenda, uzito wote wa maigizo huhamia usoni, kwenye sauti, na katika muda mfupi unaopita kati ya swali na jibu. Alidoosti alijifunza kazi hapo.

Alizaliwa Tehran tarehe 12 Januari 1984. Baba yake, Hamid Alidoosti, alikuwa mchezaji wa timu ya taifa ya kandanda aliyewahi kucheza pia Ujerumani, na mama yake ni mchongaji wa sanamu. Alisomea uigizaji katika shule ya mwigizaji Amin Tarokh, kisha akachaguliwa na mwongozaji Rasul Sadrameli kubeba filamu ya Man, Taraneh, panzdah sal daram, yaani Mimi ni Taraneh, nina miaka kumi na mitano. Ni hadithi ya msichana ambaye mama yake amekufa na baba yake yuko gerezani. Anaingia katika ndoa ya muda na kijana wa familia yenye uwezo, ndoa inavunjika haraka, naye anagundua ana mimba na kuamua kumzaa mtoto na kumpigania apate jina la baba. Mwaka 2002 filamu hiyo ilimpa tuzo ya Simorgh wa bilauri katika Tamasha la Fajr mjini Tehran, akiwa ndiyo kwanza ametimiza miaka 18, na mwaka huohuo akapata tuzo ya mwigizaji wa kike huko Locarno, Uswisi.

Mwanzo wa namna hiyo huwa mtego. Waigizaji wengi wanaoanza na tuzo kubwa hubaki wakiigiza filamu ileile kwa majina tofauti, na wazalishaji wangefurahi kumwona akiendelea kuwa binti mdogo mwenye macho ya huruma. Hakukubali. Filamu yake iliyofuata, Shahr-e ziba ya mwaka 2004, ilimkuta akiwa na umri wa miaka 20 hivi akimwigiza Firoozeh, mwanamke mwenye mtoto, aliyechoshwa na mume mraibu, anayehangaika kumwokoa mdogo wake asinyongwe. Filamu inazungumzia kisasi na dia, yaani fidia ya damu, na inaweka wazi hesabu moja ya kutisha: kwa kuwa aliyeuawa ni msichana na dia ya mwanamke ni nusu ya ile ya mwanamume, baba yake anayedai muuaji anyongwe anatakiwa kwanza alipe fedha. Firoozeh anabisha hodi kwenye mlango wa baba huyo mara kwa mara akiomba msamaha ambao hana haki ya kuudai. Alidoosti anamwigiza kwa sauti ya chini, ya mtu aliyeomba mara nyingi mpaka aibu imekwisha ila adabu haijaisha.

Mwongozaji wa filamu hiyo alikuwa Asghar Farhadi, naye na Alidoosti wakafanya filamu nne pamoja. Farhadi alikuwa na hila moja ambayo naiona ni ufunguo wa ushirikiano wao. Wenzake wengi walimfunika mwanamke chumbani kwake wakamwomba mtazamaji afumbe macho na asiulize. Yeye alitunga mazingira ambamo mtandio una sababu ya kuwepo kichwani. Nyumba inafanyiwa usafi na watu wanaingia na kutoka, au marafiki wasio maharimu wamepanga nyumba moja ya mapumziko, au wanandoa ni watu wa jukwaani ambao muda mwingi wako mbele ya hadhira. Mtazamaji anasahau kwamba kuna kanuni inayotiiwa, na mwigizaji anapata nafasi ya kukitumia kitambaa kama sehemu ya mwili wake: kukivuta mbele anapoona haya, kukifunga upya anapotaka muda wa kufikiri, kukiacha kilegee anapochoka.

Mfano bora ni Chaharshanbe Suri ya mwaka 2006. Jina ni la mkesha wa Jumatano ya mwisho kabla ya Nowruz, mwaka mpya ambao wazee wa pwani yetu waliujua kwa jina la Nairuzi, na usiku huo Wairani huwasha mioto barabarani na kuruka juu yake. Alidoosti ni Rouhi, msichana maskini anayekaribia kuolewa, aliyetumwa na wakala wa wafanya usafi kwenye nyumba ya ghorofa ambamo mke anamshuku mume wake kuwa na uhusiano na jirani. Filamu inaanza Rouhi akiwa amepakiwa kwenye pikipiki ya mchumba wake, katika barabara yenye theluji pembeni, na chador yake, lile shuka kubwa la kujitanda, linanaswa na gurudumu. Wanaanguka, wanacheka, wanalichomoa shuka lililochanika. Baadaye mke anaazima shuka hilohilo ili ajifiche akimpeleleza mumewe. Nguo moja imeshakuwa vazi la heshima, hatari ya barabarani na kificho cha mpelelezi, na hakuna mhusika aliyesimama kutoa hotuba juu yake.

Kilicho kigumu katika uhusika wa Rouhi ni kwamba yeye si mwenye msiba. Kilio ni cha mke, aliyeigizwa na Hedieh Tehrani, nyota mkubwa wa wakati ule. Rouhi kazi yake ni kutazama, kusikia nusu ya maneno na kukisia mengine, na kusema uongo mdogo kwa nia njema ambao unaharibu zaidi ya alivyokusudia. Alidoosti anatazama kama mtu anayeona ndoa kwa mara ya kwanza kutoka upande wa ndani, siku chache kabla ya kuingia ya kwake. Mwanzoni mwa filamu uso wake uko wazi kama wa mtoto. Usiku, akirudishwa kwao kwa gari huku fataki zikilipuka mitaani, uso ni uleule lakini kuna kitu kimefungwa ndani yake, na ukiniuliza ni katika onyesho gani hasa kilifungwa sitaweza kukuonyesha.

Darbareye Elly, filamu ya mwaka 2009 iliyompatia Farhadi tuzo ya mwongozaji bora mjini Berlin, inakwenda mbali zaidi, maana hapo Alidoosti anaigiza mtu ambaye kwa sehemu kubwa ya filamu hayupo. Marafiki wa Tehran wanakwenda pwani ya Bahari ya Kaspi kwa mapumziko ya siku tatu. Mmoja wao, Sepideh, amemwalika Elly, mwalimu wa chekechea wa mtoto wake, akitumaini atapendana na rafiki yao aliyerudi kutoka Ujerumani baada ya talaka. Elly anataka kuondoka mapema, naye Sepideh anamfichia mkoba. Kisha linakuja onyesho ambalo wapenzi wa filamu hii hulikumbuka kuliko mengine yote. Elly anarusha kishada na watoto ufukweni, anakimbia, kamera inamfuata karibu mno ikitikisika, anacheka, anageuka, upepo unauvuta mtandio, na kwa mara ya kwanza tunamwona bila uzito wowote. Muda mfupi baadaye mtoto mmoja anazama baharini na kuokolewa, lakini Elly hayuko, na hakuna ajuaye kama alizama au ameondoka zake.

Kutoka hapo watu wengine wanamjadili. Wanagundua hata jina lake kamili hawalijui, na kwamba alikuwa na mchumba. Kila anayezungumza anamjenga upya kwa kadiri ya hofu yake, na mtazamaji analazimika kurudi kichwani mwake kwenye yale maonyesho machache, kila tabasamu na kila ukimya, akitafuta dalili. Mwigizaji asiye makini angeweka dalili nyingi mno. Alidoosti aliweka kiasi kwamba kila fumbuzi linaaminika na hakuna linalothibitika. Mimi nalihesabu hilo kuwa tendo gumu kuliko yote aliyowahi kufanya mbele ya kamera, ingawa tuzo zilikwenda kwingine.

Sepideh aliigizwa na Golshifteh Farahani, na hapa kisa kinapata kioo chake. Farahani alikuwa ameigiza katika filamu ya Hollywood iliyotoka mwaka 2008, akahojiwa na mamlaka nchini mwake, kisha akahama na kujenga kazi mpya akiishi Ufaransa. Darbareye Elly ilikuwa kazi yake kubwa ya mwisho nyumbani. Wanawake wawili wa karibu umri mmoja, walioigiza pamoja katika nyumba moja ya ufukweni, mmoja akaondoka na mwingine akabaki. Kwa miaka 13 iliyofuata ilionekana kana kwamba aliyebaki ndiye aliyechagua njia ya utulivu.

Utulivu huo ulikuwa na nyufa. Mwaka 2016 Alidoosti alirudi kutoka tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, na kukuta mjadala juu ya mchoro mdogo wa tatuu ulioonekana mkononi mwake, ambao wakosoaji waliuona kuwa alama ya watetezi wa haki za wanawake; naye hakukana kwamba yeye ni mmoja wao. Januari 2017, Rais Donald Trump wa Marekani alipokuwa akielekea kuwazuia raia wa Iran na nchi nyingine kuingia nchini mwake, Alidoosti alitangaza kwamba hatahudhuria sherehe za Oscar ingawa filamu yake ilikuwa inashindania tuzo, na ilishinda. Mwaka 2020 ikajulikana kwamba mahakama ya Iran imempa kifungo cha miezi mitano kilichoahirishwa, kwa sababu ya ujumbe wa mtandaoni uliowakosoa polisi wa maadili. Anayesema kwamba aliamka ghafla Novemba 2022 hakuwa akifuatilia.

Filamu iliyoshinda Oscar ni Forushande, na inastahili kutazamwa kwa karibu kwa sababu ndani yake kanuni ya mtandio inafanyiwa dhihaka waziwazi, na kibali kikatolewa. Rana na Emad ni mke na mume wanaoigiza jukwaani tamthilia ya Arthur Miller kuhusu mchuuzi anayezeeka. Katika mazoezi, mwigizaji mwenzao anatakiwa kutoka bafuni akilalamika kwamba hawezi kwenda nje bila nguo. Lakini kwa kuwa ni jukwaa la Tehran, anatoka amevaa koti refu na kofia. Mwenzake anashindwa kujizuia, anacheka. Mwanamke yule anakasirika na kuondoka, naye ana haki, maana anayechekwa ni yeye ilhali koti hakulichagua.

Kisha kuna mlango. Rana, akiwa katika nyumba waliyohamia baada ya jengo lao la zamani kupasuka kuta, anasikia kengele, anadhani ni mumewe, anabonyeza kitufe cha kufungua lango la chini, anausukuma mlango wa nyumba ubaki wazi kidogo, na kwenda bafuni. Kamera inabaki na mlango ule unaofunguka taratibu peke yake. Hatumwoni anayeingia wala kinachotokea. Kutoka hapo Alidoosti analazimika kuigiza matokeo ya tukio ambalo si mtazamaji wala mumewe aliyeliona, na ambalo yeye mwenyewe hataki kulisimulia polisi. Anaogopa kuoga. Anapanda jukwaani na kushindwa kumaliza onyesho kwa sababu ya macho ya mtazamaji mmoja. Siku moja anapika tambi, mtoto wa mwigizaji mwenzao yupo mezani, kuna kicheko kwa mara ya kwanza, mpaka mume anapotambua kwamba chakula kile kimenunuliwa kwa fedha alizoziacha mvamizi. Sahani zinaondolewa. Alidoosti hapazi sauti. Uso unashuka tu, polepole, kama taa iliyopunguzwa mafuta. Shahab Hosseini, aliyeigiza mume, alipewa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume huko Cannes mwaka 2016, na aliistahili, lakini hasira ya Emad inasimama juu ya ukimya wa Rana, na ukimya hauna tuzo zake.

Nimekaa kwenye maonyesho haya kwa makusudi. Ukiyapanga pamoja unaona kwamba kazi yake ilikuwa, mwaka hadi mwaka, kuwaigiza wanawake ambao hatima yao inategemea wanachoficha. Hata nje ya uigizaji, alipochagua cha kutafsiri kwa Kiajemi, alichukua hadithi fupi za Alice Munro, ambazo nazo zimejaa wanawake wanaobeba jambo miaka mingi bila kulitaja. Tamthilia ya mfululizo ya Shahrzad, kuanzia 2015 hadi 2018, ilimfikisha kwenye majumba ambayo hayakuwa na habari za Cannes, na wafuasi wake kwenye Instagram wakafika milioni 8. Kwa kazi ya kuficha, alikuwa amefika mwisho wa njia.

Mwaka 2022 ukaja na uhusika wa aina nyingine kabisa. Katika Baradaran-e Leila ya Saeed Roustaee, iliyoshindanishwa Cannes mwezi Mei, yeye ni Leila, dada pekee wa ndugu wanne wa kiume, mwenye miaka 40, ambaye mshahara wake ndio unaoshikilia nyumba. Anataka ndugu zake wanunue duka ili wapate pa kusimama, huku baba yao akificha sarafu 40 za dhahabu azitoe zawadi kwenye harusi na kupewa heshima ya mkuu wa ukoo. Leila anasema kila kitu kwa sauti, mbele ya kila mtu, na mwishowe anampiga baba yake kofi. Nchini Iran, kama ambavyo ingekuwa Tanga au Mombasa, mkono wa mtoto kwenye shavu la mzazi ni jambo lisilotazamwa kwa urahisi, na kofi lile lilizua ubishi mkali. Filamu ilipigwa marufuku nyumbani, na Agosti 2023 Roustaee na mzalishaji wake wakahukumiwa kwa kuipeleka Cannes bila idhini. Mwezi mmoja kabla ya tamasha hilo mamia ya wanawake wa sinema ya Iran, Alidoosti akiwa miongoni mwao, walikuwa wametia saini tamko dhidi ya unyanyasaji wa kingono kwenye maeneo ya kazi. Kwa hiyo pale Mahsa Amini, msichana Mkurdi wa miaka 22, alipofariki tarehe 16 Septemba baada ya kukamatwa na polisi wa maadili kwa sababu ya vazi lake, na maandamano yakazuka, mwigizaji huyu alikuwa tayari amefika mahali ambapo kunyamaza kungekuwa kuigiza.

Hakuwa wa kwanza kuvua. Katayoun Riahi, ambaye watazamaji wengi wa Afrika Mashariki wanamjua kama Zulekha wa tamthilia ya Nabii Yusuf, alikuwa ameshaonekana kichwa wazi tangu Septemba, na Novemba hiyohiyo yeye na Hengameh Ghaziani walikamatwa. Tofauti ya Alidoosti ilikuwa katika masharti aliyojiwekea. Siku chache kabla ya picha aliandika kwamba hana nia ya kuishi kwingine, kwamba atabaki Iran, ataacha kufanya kazi, na atasimama na familia za waliouawa na waliofungwa. Tarehe 8 Desemba kijana Mohsen Shekari alinyongwa, mtu wa kwanza kunyongwa kuhusiana na maandamano yale. Alidoosti alilaani, akayashutumu pia mashirika ya kimataifa yanayotazama tu. Tarehe 17 Desemba akakamatwa, na ukurasa wake ukatoweka. Alikaa gereza la Evin siku 18, akatoka kwa dhamana tarehe 4 Januari 2023. Picha za siku hiyo zinamwonyesha nje ya gereza, kichwa wazi, ameshika maua, amezungukwa na marafiki.

Wapo waliosema kwamba ni rahisi kwa mtu maarufu, kwamba jina lake lilikuwa ngao, na kwamba aliyekula matunda ya mfumo miaka 20 hawezi kuukana kwa picha moja. Nusu ya kwanza ni kweli. Vijana wasiojulikana waliokamatwa miezi ile hawakuwa na waongozaji na waigizaji wa dunia nzima wanaowaandikia barua. Nusu ya pili naipinga. Mwigizaji aliyehamia nje akionekana bila mtandio hakuna faili linalobadilika Tehran. Uzito wa picha ya Novemba ulitokana na yeye kuwa ndani, mwenye vibali na mikataba. Na kwa kutamka kwamba habanduki, aliondoa ule mlango wa nyuma ambao serikali nyingi huuachia wazi wasanii wasumbufu, kwa kuwa anayehama husahaulika upesi.

Swali gumu zaidi, ambalo wanaomsifu hawaligusi, ni la wenzake. Mwigizaji mkuu anapozuiwa, filamu iliyokwisha kurekodiwa inaweza kukaa kabatini, na anayeumia si yeye peke yake: yumo aliyeweka fedha, mhariri, mshonaji wa nguo, dereva. Uamuzi wa dhamiri ya mtu mmoja katika sanaa inayofanywa na watu wengi huwa na bili inayolipwa na wengine. Katika hili naona alifanya jambo la uungwana kadiri ilivyowezekana, kwa kutangaza waziwazi kwamba anasimamisha kazi, ili asiwepo mzalishaji atakayemwajiri bila kujua anachoingia. Hata hivyo bili ilibaki.

Kilichofuata katika sinema ya Iran kinaonyesha kwamba alikuwa akisoma majira vizuri. Waongozaji kadhaa wameanza kutengeneza filamu bila kuomba kibali, na wanawake katika filamu hizo hukaa kichwa wazi nyumbani mwao kama watu wanavyokaa. Mei 2025 filamu ya namna hiyo, ya Jafar Panahi, ilishinda Palme d'Or, tuzo kuu ya Cannes. Wapo waliolipa kwa pasipoti zao na wapo waliolipa kwa kifungo, na filamu zenyewe haziruhusiwi kwenye majumba ya sinema ya nchi yao, kwa hiyo watazamaji wanaozizungumzia huziona kwa njia za pembeni.

Septemba ileile aliyofariki Mahsa Amini, filamu ya Tafrigh ya Mani Haghighi ilikuwa ndiyo kwanza inaonyeshwa Toronto. Alidoosti ni Farzaneh, mwalimu wa udereva, ambaye siku moja ya mvua anamwona mumewe akiingia katika jengo wasilolijua. Anafuatilia na kugundua kwamba ndani anaishi mwanamke mwenye sura yake kamili, aliyeolewa na mwanamume mwenye sura kamili ya mume wake. Alidoosti anawaigiza wote wawili. Wana uso mmoja na mtandio kichwani, na mtazamaji anayewatofautisha anafanya hivyo kwa jinsi kila mmoja anavyosubiri kabla ya kujibu.